Mzee Kahiga wa Kwenye Tovuti

Mzee Kahiga hakumkataa Bravin kwa sababu ya kabila, wala ya kanisa, wala ya soksi zake zisizofanana, ingawa soksi hizo aliziona. Alimkataa kwa sababu ya redio.

Ilikuwa Jumapili, wiki tatu zilizopita, katika ukumbi wa kulia wa loji yake pale Salgaa. Madereva wa malori walikuwa wakinywa supu kwenye meza za kando. Bravin alikuwa amekuja peke yake kujitambulisha, shati limepigwa pasi mara mbili, na Rahab, binti wa mzee na msimamizi wa loji, alisimama kaunta akipangusa gilasi moja ileile kwa robo saa nzima. Mzee akauliza kijana anafanya kazi gani. Bravin akajibu kwa fahari kwamba anatengeneza tovuti na programu za biashara, na kwamba ana ofisi mtaani Rhonda, juu ya karakana ya kuchomelea milango. Mzee akaweka kikombe chini. Jana tu, akasema, mtangazaji alieleza redioni kuwa siku hizi kuna akili unde, hiyo AI, na kwamba watu wa kazi kama hiyo wamebakiza miezi.

Bravin akasema redio husema mengi.

Mzee Kahiga hakubishana. Alitoa simu mfukoni, akaisogeza karibu na mdomo, akaiagiza kama mtu anayeagiza chai: itengeneze website ya Kahiga Lodge, Salgaa, iweke picha, iweke vyumba, iweke na mahali pa watu kuuliza maswali. Mashine ikauliza huyo wa kujibu maswali aitwe nani. Ilipendekeza Zawadi. Mzee alikataa katakata. Mtu akija kwake, alisema, ataongea na yeye, si na Zawadi asiyejua ametoka wapi. Basi ikaandikwa: Mzee Kahiga.

Dakika ishirini baadaye tovuti ilikuwa tayari, ina rangi za kupendeza, ina jua likichomoza.

"Wewe ungechukua siku ngapi?" mzee akauliza.

"Wiki tatu, mzee."

"Na hii ni mbaya?"

Hapo Bravin angeweza kudanganya. Aliinua macho, yakakutana na ya Rahab juu ya ile gilasi, na macho ya Rahab yalikuwa ya aina ambayo mtu akitazamwa nayo hawezi kusema uongo hata wa kujiokoa.

"Ni nzuri," akasema. "Hata mimi huitumia hiyo AI siku hizi. Inanisaidia kuandika programu."

Mzee Kahiga akacheka kwa mara ya kwanza siku hiyo. "Kwa hivyo nikupe msichana, halafu mashine imlishe."

Bravin aliitazama tovuti tena. Kulikuwa na kitu kidogo pale, kitu ambacho jicho lake la kazi lilikiona mara moja. Akafungua mdomo. Kisha akaufunga, kwa sababu moyo ulikuwa umemuuma, na mtu aliyeumwa moyo hapendi kumfaa aliyemuuma.

Rahab alimsindikiza hadi barabarani. Malori yalipita yakitimua vumbi, naye akawa anaongea pale tu kelele zilipopungua, hivi kwamba Bravin alizipata habari mbaya vipandevipande. Asipige simu kwa sasa. Ampe muda amtulize mzee. Asikate tamaa. Hilo la mwisho alilisema lori likipita, na Bravin akalisoma midomoni mwake, akaondoka nalo.

Wiki tatu bila sauti ya Rahab. Bravin hakujua kwamba siku zinaweza kuwa ndefu hivyo. Miaka miwili iliyopita alikuwa amefika lojini hapo kujaribu kumuuzia mzee tovuti, mzee akamfukuza bila hata kumtazama usoni, na msichana mmoja akamkimbilia hadi barabarani na waya wa laptopu aliousahau. Tangu hapo kila waya wa laptopu ulimkumbusha Rahab, na katika kazi yake nyaya hazikuwa chache. Kazi yenyewe ilikuwa imenyamaza. Mwezi huo wateja watatu walimshukuru sana na kumwambia kwamba mpwa wao amewatengenezea kwa simu. Alikaa juu ya karakana, cheche zikiruka chini, akajiuliza kama mzee hakuwa amesema kweli tu kwa njia mbaya.

Nyumbani hakusema kwamba amekataliwa. Alisema mzee bado anafikiria. Huo ndio uongo wake mmoja katika mapenzi haya, na ndio uliozaa Jumamosi hiyo.

Simu iliita saa tano na nusu asubuhi. Alikuwa baba yake mdogo, Mzee Khaemba, mstaafu wa reli, ambaye tangu babake Bravin afariki alijihesabu kuwa ndiye mkuu wa stesheni ya familia. Alisema wameshavuka Ngata, wanaelekea Salgaa, na akataka kujua kwa nini bwana harusi hayuko ndani ya gari.

"Gari gani, baba?"

Gari la posa, akaelezwa. Wako kumi na wanane. Wengine wametoka Kimilili tangu jana. Shangazi Nerima amebeba jogoo. Walimficha Bravin hadi dakika ya mwisho kwa sababu ana wasiwasi mwingi na angewaharibia. Alipaswa kuchukuliwa Rhonda asubuhi, lakini kila mmoja alidhani mwenzake ndiye aliyempigia.

Bravin akasema kwamba mzee hajawaita.

"Ametuita," Mzee Khaemba akasema, mtulivu kabisa. "Nimeongea naye mwenyewe. Nilipata website yake, nikamwandikia. Bravin, huyo mkwe ni mtu wa watu. Hata saa nane usiku anajibu, na sekunde nne hazipiti. Mimi nilipooa, baba mkwe alinikalisha nje kwa mvua."

Bravin akashika ukuta. Aliifahamu ile adabu ya sekunde nne.

Alifika Salgaa akiwa amechelewa kwa dakika kumi tu, lakini dakika kumi zilitosha. Basi dogo la kukodi lilikuwa limeegeshwa kati ya trela mbili, na wageni walikuwa wameshateremka na vitenge vyao, blanketi, sukari, mwavuli mpya ambao bado una karatasi, na jogoo mwekundu aliyetazama kila kitu kwa dharau. Mlangoni alisimama Mzee Kahiga, amevaa koti. Rahab alikuwa amemwambia kwamba saa sita kuna sherehe ya familia, watu kumi na wanane, na mzee hupenda kupokea wageni wakubwa mwenyewe. Harufu ya mbuzi wa kuchoma ilijaa ua wote.

Mzee Khaemba alimkumbatia. Mzee Kahiga, ambaye hakuwa amekumbatiwa na mwanamume tangu siku ya ubatizo wa kifungua mimba wake, alisimama kama mlingoti.

Mzee Khaemba alimwambia kwamba maneno yake yaliwagusa sana. Mzee Kahiga akashukuru, akidhani ni yale ya kwenye tangazo la vyumba. Mzee Khaemba akasema hajawahi kuona mtu mwenye mzigo mzito hivyo akiubeba kwa ukarimu. Mzee Kahiga akakiri kwamba loji ina kazi, ndiyo. Waliendelea hivyo hadi mezani ukumbini, wakielewana vizuri sana, mpaka Shangazi Nerima akauliza msichana yuko wapi wamuone.

"Msichana gani?" mzee akauliza.

Kisha akamwona Bravin akiingia mlangoni.

Jogoo akawika. Wageni walikuwa wameshaketi, sahani zimeshafika. Mzee Kahiga alisimama katikati na kusema maneno mawili, kwani hakuwa mtu wa maneno mengi.

"Sikuwaita ninyi."

Shangazi Nerima, akiwa na mbavu ya mbuzi mkononi, aliuliza kwa upole kama na huyu mbuzi naye alijiita.

Mzee Khaemba akavaa miwani. Akatoa simu yake, akaisoma mbele ya watu wote, polepole, kama anavyosoma mhasibu wa kanisa. Alikuwa ameandika kwamba yeye ni Khaemba, baba mdogo wa Bravin, na angependa kuja na familia kwa ajili ya binti. Mzee Kahiga akamjibu: Karibuni sana, mgeni wetu mpendwa, ni furaha kubwa kwetu kuwapokea, mtakuwa wangapi? Kumi na wanane. Vyema kabisa, mngependa mbuzi au kuku? Yote mawili. Chaguo zuri. Na kuhusu binti, msiwe na shaka yoyote, atakuwa tayari mtakapofika.

Kutoka upande wa jikoni kilisikika kicheko kilichozibwa na leso. Alikuwa mama Rahab.

"Hiyo si mimi," Mzee Kahiga akasema. "Hiyo ni mashine."

"Imeandikwa Mzee Kahiga."

"Ni jina tu niliipatia."

Mzee Khaemba akavua miwani. "Ndugu yangu, mimi nimefanya kazi ya reli miaka thelathini na moja. Stesheni ikitoa ishara ya kupita, treni inapita. Dereva hashuki kuuliza ishara imewekwa na nani."

"Ishara ilikuwa imeharibika. Na huyu kijana nilishamfukuza."

"Basi ulimfukuza fundi wa ishara kwa nini?"

Madereva waliokuwa wakinywa supu kwenye meza za kando waliacha kunywa. Mmoja akasogeza kiti chake karibu. Mzee Kahiga alitazama huku na huku, uso umeiva kwa aibu. Kama neno la mashine ni neno lake, basi amekwisha kumtoa binti, pamoja na mbuzi na kuku. Kama si neno lake, basi kile kitu alichomfukuzia Bravin hakiwezi hata kulinda mlango. Alijua, na watu wote walijua kwamba anajua.

"Kijana," Mzee Khaemba akamgeukia Bravin, "wewe ndiye wa kompyuta. Tuambie. Aliita, ama hakuita?"

Bravin alisimama. Rahab alikuwa kaunta. Alikuwa amechukua gilasi, anaipangusa, na macho yake hayakumwomba chochote. Hilo ndilo lilikuwa gumu. Angesema neno moja tu, aliita, na wazee wangelishika hilo mpaka jioni, na mzee asingekuwa na pa kutokea. Ilikuwa karibu sana. Ilikuwa kwenye ncha ya ulimi.

"Hakuita," akasema.

Shangazi Nerima akaweka mbavu chini.

"Mzee Kahiga hakutuita. Mashine ilijibu ndiyo kwa sababu hujibu ndiyo kwa kila mtu. Hakuna aliyeiambia ni wapi iseme ngoja, niulize mwenyewe." Bravin akamgeukia Mzee Khaemba. "Mimi niliona hilo siku ile ile alipoitengeneza. Nikanyamaza, kwa sababu alikuwa amenikataa. Na nyumbani nikadanganya kwamba bado anafikiria. Kwa hivyo kosa si la mzee. Ni langu. Baba, naomba tule, tushukuru, turudi."

 Mzee Kahiga alimtazama kijana huyu aliyekuwa na kila nafasi ya kumkaba, akaiacha. Alimtazama mpaka chini, kwenye soksi. Leo zilifanana.

"Hujibu ndiyo kwa kila mtu?" akauliza taratibu.

"Kwa kila mtu, mzee."

"Kama nani mwingine?"

Bravin akafungua laptopu yake mezani, kando ya bakuli la supu, na mzee akamwandikia neno la siri kwa vidole viwili. Orodha ilikuwa ndefu. Mzee Kahiga wa kwenye tovuti alikuwa amemhakikishia mgeni wa Thika kwamba dirisha lake litatazama ziwa, ilhali kutoka Salgaa ziwa la karibu huonekana kwa mtu aliye ndani ya ndege. Alikuwa ameikubalia kwaya ya wanawake arobaini ifanye mazoezi ukumbini kila alfajiri. Dereva mmoja wa Kampala aliuliza kama anaweza kulala chumbani na mbuzi wake watatu, akajibiwa kwamba mbuzi wanapendwa sana hapa. Na trela ishirini na mbili zilikuwa zimekaribishwa kuegesha Jumatatu katika shamba la nyuma.

"Hapo ni kwa viazi zangu," mzee akasema kwa sauti ndogo.

Dereva aliyesogeza kiti akakohoa. Yeye ni dereva wa mojawapo ya hizo trela, alisema, na ameshapita kuangalia. Viazi ni vizuri.

Mzee Kahiga akavuta kiti, akaketi karibu na Bravin. Haikuwa kuketi kwa mtu aliyesamehe, ilikuwa kuketi kwa mtu mwenye viazi. Aliuliza kama hiyo kitu inaweza kufundishwa. Bravin akasema inaweza, mashine yenyewe itaandika yote, lakini lazima kwanza mtu aketi na mwenye boma na kumuuliza, kwa sababu yale yanayojulikana hapa Salgaa hayajulikani huko ilikotengenezewa. Hiyo ndiyo kazi iliyobaki, akasema, na alipoisikia sauti yake mwenyewe ikilisema hilo, kitu fulani kifuani kililegea kwa mara ya kwanza katika mwezi mzima.

Akaanza kuuliza. Mtu akija na mbuzi? Mzee akajibu mbuzi walale nje na mwenyewe alipe kama kawaida. Kwaya? Jumapili tu, na wasiwe arobaini. Mtu akiuliza ziwa? Aambiwe ukweli, kuna barabara. Wageni nao wakaanza kuchangia. Shangazi Nerima alitaka kujua itasema nini kwa mwanamume anayeuliza chumba kwa saa mbili, na mzee akasema hiyo isijibu, imwite mama Rahab. Ukumbi ukacheka, na Mzee Kahiga, bila kukusudia, akacheka nao. Bravin alikuwa anaandika, anaijaribu, anairekebisha, na kila mashine ilipojibu vizuri madereva walipiga meza kwa viganja.

Kisha akafika kwenye swali la mwisho. Vidole vikasimama juu ya vibonye.

"Na mtu akiuliza kuhusu binti yako," akasema, "ijibu nini?"

Gilasi ya Rahab ilitulia. Mama Rahab akatokea mlangoni mwa jikoni, leso begani, na hakucheka.

Mzee Kahiga alikaa akiitazama ile skrini. "Andika hiyo si kazi yake," akasema mwishowe. "Andika hilo mzee hujibu mwenyewe. Kwa mdomo."

Bravin akaandika. Herufi kwa herufi.

Mzee akainuka, akafunga kifungo cha koti. "Watu wa Khaemba," akasema, "mliingia kwa mlango wa mashine. Sikuwajibu mimi. Tokeni mpaka geti. Mpige hodi upya."

Mzee Khaemba, mtu wa reli, alielewa mara moja kwamba hiyo ni ishara na kwamba safari hii fundi anajulikana. Akavaa kofia. Wakatoka wote kumi na wanane, na blanketi, na sukari, na mwavuli, mikono bado ina mafuta ya nyama, Shangazi Nerima akilalamika kwamba angeambiwa mapema asingemfungua jogoo, ambaye sasa alikuwa chini ya meza ya madereva.

Bravin alisimama nyuma ya kundi, nje ya geti. Akahisi mtu kando yake. Rahab alikuwa amezunguka kwa mlango wa jikoni, jogoo kwapani, na mkononi ana kitabu kikubwa cha wageni.

"Mmesahau huyu," akasema.

Wiki tatu, na hilo ndilo neno la kwanza. Bravin aliona ni neno zuri kuliko yote aliyowahi kuambiwa. Akampokea jogoo. Rahab akafungua kitabu mahali palipowekwa alama, akamwonyesha. Kila asubuhi yeye ndiye hunakili wageni wa tovuti kwenye kitabu. Siku kumi na moja zilizopita, kwa mwandiko wake mdogo uliolala upande, alikuwa ameandika: Jumamosi, saa sita, watu 18, mbuzi na kuku. Na pale penye nafasi ya jina la kampuni alikuwa ameandika: kwetu.

"Ulijua," Bravin akasema.

"Nilijua."

"Si ungeniambia?"

"Ungekuja kuifuta." Akamtazama, na tabasamu lake likaanzia machoni, likashuka polepole kama mtu asiye na haraka. "Wewe nakujua. Ungesema si haki."

Ilikuwa kweli. Bravin akashika vidole vya Rahab chini ya jogoo, mahali ambapo hakuna shangazi angeona, na vidole vile vikamshika pia.

Mbele yao Mzee Khaemba alisafisha koo na kupiga geti mara tatu kwa ncha ya fimbo. Hodi, akasema.

Hakuna aliyejibu. Sekunde nne zikapita. Kumi zikapita. Lori likapanda kilima, likabadilisha gia, likatokomea. Shangazi Nerima akaanza kuomba kimoyomoyo, kisha kwa sauti. Upande wa pili wa geti waliisikia pumzi ya mzee, na viatu vyake vikisogea, vikirudi, vikisogea tena. Bravin hakuwahi kungojea jibu lolote kwa muda mrefu hivyo, wala Rahab hakuwahi kumbana vidole kwa nguvu hivyo.

Kisha komeo likavutwa.

"Karibuni," akasema Mzee Kahiga.